Matembezi ya mahekalu ya Kichina Singapore: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Wengi wetu Singapore tunaipita tu. Tunashuka Changi kuunganisha ndege, au meli imetia nanga, au tumekuja kwenye mkutano wa siku mbili, kisha tunaondoka tukiwa tumeona maghorofa na maduka. Matembezi haya ni ya mtu mwenye asubuhi moja mkononi. Tunatembea kwa miguu pamoja na mwongozaji, polepole, katika mtaa wa Telok Ayer na mitaa ya jirani, kuyaona mahekalu waliyojenga Wachina wa mwanzo walipofika. Yafuatayo ndiyo tunayoulizwa zaidi, na tumeyajibu kama tunavyoyajibu njiani.

Tunaanzia wapi na tunaishia wapi?

Tunakutana kituo cha treni cha Raffles Place saa mbili na nusu asubuhi, katikati ya majengo ya benki. Hatua chache kutoka hapo ni mtaa wa Phillip, lilipo hekalu la Yueh Hai Ching. Kutoka hapo tunakwenda Fuk Tak Chi, kisha Thian Hock Keng, tunazunguka nyuma yake kupitia mtaa wa Amoy, tunapanda kilima kidogo cha Ann Siang na kuteremkia barabara ya South Bridge, kwenye Hekalu la Jino la Buddha. Jumla ni kilomita mbili hivi. Mwenye haraka zake angezimaliza kwa nusu saa. Sisi hutuchukua saa tatu, maana muda mwingi tunakuwa tumesimama.

Mbona mnatupeleka kwenye mahekalu ya mabaharia, na bahari yenyewe haionekani?

Bahari ilisogezwa. Leo ukisimama mbele ya Thian Hock Keng unaona magari, mikahawa na migongo ya maghorofa. Mwaka 1842 ungeona majahazi. Telok Ayer ulikuwa mtaa wa ufukweni, na maji yakijaa yalikaribia kabisa mlango wa hekalu. Kuanzia 1879 serikali ya kikoloni ya Waingereza iliifukia ghuba, waliokuja baadaye wakafukia zaidi, hadi mtaa wa pwani ukajikuta umo katikati ya mji.

Ukiujua ufukwe ule umeshaelewa nusu ya yote utakayoyaona. Waingereza waliweka bandari yao hapa 1819, na mpango wa mji wa 1822 uliwatengea Wachina eneo lililo kusini magharibi mwa mto. Majahazi yao yalitoka Fujian na Guangdong yakisukumwa na upepo wa kaskazini mashariki, msimu uleule ambao majahazi ya Uarabuni na Bara Hindi yalikuwa yakishuka pwani yetu kwa kaskazi. Yalirudi upepo ulipogeuka. Mtu wa Lamu au Unguja hahitaji kufafanuliwa zaidi. Jahazi la kwanza kutoka Xiamen liliingia Februari 1821.

Waliokuwemo wengi wao walikuwa vijana wa kiume, mahamali na mafundi na wakulima waliokimbia shida, na wengi wao nauli ilikuwa ya deni la kulipwa kwa kazi. Njiani kulikuwa na dhoruba, maharamia na maradhi. Aliyefika salama alikwenda kwanza kuondoa nadhiri kwa yule aliyemwomba akiwa baharini, ndipo akatafute kazi. Mwanzoni pale Thian Hock Keng palikuwa na kibanda tu cha kufukizia udi. Hekalu la mawe na mbao lilijengwa kati ya 1839 na 1842.

Na wenye nadhiri hawakuwa Wachina peke yao. Waislamu wa Kitamil walioshukia ufukwe huohuo walianza msikiti wa Al-Abrar mwaka 1827 ukiwa kibanda cha makuti, na kati ya 1828 na 1830 wakajenga Nagore Dargah kumkumbuka walii wao Shahul Hamid. Vyote viko mtaa mmoja, unatoka hiki unaingia kile. Ndiyo maana tunaanza Telok Ayer wala hatuanzi na hekalu kubwa linalong'aa zaidi.

Wachina si Wachina tu? Kwa nini kila kundi lilijenga hekalu lake?

Wahokkien, Wateochew, Wahakka, Wakantoni, Wahainan: hawa walikuja na lugha zisizoelewana. Mhokkien na Mkantoni wakikutana bandarini walikuwa wageni wawili. Kwa hiyo hekalu lilikuwa mahali pa ibada na papo hapo ofisi ya watu wa kwenu. Ulikwenda kuulizia kazi, pa kulala, mtu wa kukuandikia barua kwa mama, na ukifa ni wao waliokuzika.

Thian Hock Keng ni la Wahokkien, na chama chao cha Hokkien Huay Kuan kilikuwa na makao papo hapo. Mchango mkubwa wa ujenzi ulitoka kwa Tan Tock Seng, mfanyabiashara mzaliwa wa Malaka. Hospitali aliyoianzisha 1844 ingalipo na inabeba jina lake. Yueh Hai Ching ni la Wateochew, na tangu 1845 liko chini ya chama chao cha Ngee Ann Kongsi. Fuk Tak Chi lilikuwa la Wahakka na Wakantoni, waliolianzisha 1824 kwa ajili ya Tua Pek Kong, mzee mwenye ndevu nyeupe ambaye Wachina wa Kusini Mashariki mwa Asia wanamtegemea awalinde ugenini. Hilo la mwisho si hekalu tena. Lilifungwa 1994, likafunguliwa 1998 likiwa makumbusho madogo yasiyo na kiingilio. Ndani yake kuna mfano wa mtaa wa Telok Ayer wa zamani, wenye watu wadogowadogo, maduka na mashua ukingoni. Usiupite haraka. Ukishauona, mtaa wa nje unaanza kueleweka.

Vyama hivi vilishindana pia. Wateochew walitunukiwa ubao wenye maandishi ya heshima kutoka kwa mfalme Guangxu wa China mwaka 1899. Wahokkien wakapata wao 1907. Miaka minane! Ukiwa Mteochew hilo si la kunong'ona.

Mazu ni nani?

Ndiye mwenye nyumba katika Thian Hock Keng, na ana ukumbi wake pia Yueh Hai Ching. Inasimuliwa kwamba alizaliwa karibu mwaka 960 kisiwani Meizhou, katika jimbo la Fujian, kwenye familia ya wavuvi, akaitwa Lin Mo. Siku ya dhoruba alizimia nyumbani, na roho yake ikaenda baharini kuwaokoa ndugu zake. Alikufa kijana. Baada ya hapo mabaharia wakaanza kusema wamemwona juu ya mlingoti, wafalme wakampa vyeo kimoja baada ya kingine, na leo anaabudiwa popote walipofika Wachina wa pwani. Sanamu yake ya Thian Hock Keng ililetwa kutoka China mwaka 1840.

Watazame wasaidizi wake wawili. Ni majitu ya kutisha. Hadithi inasema walikuwa mashetani aliowashinda akawafanya watumishi. Mmoja amekinga mkono juu ya macho: huyo anaona maili elfu. Mwingine ameelekeza sikio: huyo husikia yote yanayobebwa na upepo. Kwa watu waliokuwa na jamaa baharini, hao ndio walinzi waliohitajika.

Sasa, kuna jambo hapa linalotuhusu sisi wenyewe. Zheng He, amiri wa misafara mikubwa ya China ya 1405 hadi 1433, alisimamisha jiwe la maandishi huko Changle, Fujian, mwaka 1431, kabla ya kung'oa nanga kwa safari ya mwisho. Jiwe lile ni shukrani kwa Mazu, kwa cheo chake cha Tianfei, kwa kuwavusha salama. Na katika kuorodhesha nchi zilizotuma zawadi kwa mfalme, linaitaja Mogadishu kwa punda milia na simba, na Barawa kwa ngamia na mbuni. Barawa hiyohiyo ya Chimwiini, lahaja ya Kiswahili. Kwa hiyo mama huyu wa baharini alishukuriwa kwa safari za kufika pwani yetu miaka mia nne kabla hekalu hili halijajengwa. Wageni wa kutoka Mombasa na Zanzibar wakilisikia hilo, mara nyingi hurudi kumtazama upya.

Kwani hapa ni dini gani? Buddha, Tao, au Confucius?

Zote, na mizimu ya wazee juu yake. Mbele Thian Hock Keng ni Mazu, ambaye ni wa Kitao. Pembeni mwake yupo Guan Gong, jemadari aliyegeuka mungu wa uaminifu, na Baosheng Dadi, mungu wa tiba. Nyuma kabisa yupo Guanyin, wa Kibuddha, mwenye huruma. Na Confucius ana nafasi yake kwa ajili ya wenye mitihani. Mtu mmoja huzunguka kwa wote asubuhi moja bila kuona mgongano wowote.

Katika sensa ya 2020, asilimia 31 ya wakazi wa Singapore walijitaja kuwa Wabuddha na karibu asilimia 9 Watao, lakini mwongozaji mzuri atakuambia mstari kati ya makundi hayo mawili uko kwenye fomu ya sensa zaidi kuliko ndani ya hekalu.

Mimi ni Mwislamu. Je, naweza kuingia? Na Mkristo?

Naweza kukuambia kinachotokea mlangoni. Ya dhamiri yako utayaamua mwenyewe, au umuulize sheikhe au padri wako kabla ya kusafiri. Hakuna atakayekutaka uiname, ushike udi, utoe sadaka wala uvue viatu ili uinamie sanamu. Mgeni anaingia, anatazama, anatoka. Mwongozaji wetu hatakupa kijiti cha udi mkononi. Kama hutaki kuingia ndani kabisa, ua wa mbele unatosha kuona nakshi nyingi na kumsikia mwongozaji.

Kwa swala, Al-Abrar uko mtaa huohuo, mwendo wa dakika moja au mbili kutoka Thian Hock Keng. Ijumaa hujaa hadi nje kwa wafanyakazi wa maofisini, kwa hiyo siku hiyo tunapanga kuwa tumemaliza mapema.

Nivae nini?

Nguo za heshima zinazofunika mabega na magoti. Mtandio mwepesi au kanga begani inatosha. Viatu vya kutembea, visivyoteleza, maana sakafu za mawe zikilowa ni hatari.

Kuna adabu gani za kuzingatia?

Kubwa kuliko zote ni kizingiti. Milango ya mahekalu haya ina kizingiti kirefu cha mbao au jiwe, na hakikanyagwi, unakivuka. Tazama wazee wanavyofanya: wanasimama kidogo, wanakunja suruali, wanavuka mguu mmoja mmoja, hata kama vimewachukua muda.

Pili, milango iko mitatu. Wa katikati ni wa miungu. Ukiwa umelitazama hekalu, ingia kwa mlango wa kulia, upande wa joka, utoke kwa wa kushoto, upande wa chui milia. Hakuna atakayekukemea ukikosea, lakini ukiijua utajiona unakwenda na watu badala ya kupigana nao vikumbo.

Usisimame kati ya mtu anayesali na madhabahu. Usiguse matunda wala chai iliyowekwa mezani. Usiwanyooshee sanamu kidole. Onyesha kwa kiganja kilichofunguka. Na chetezo kikubwa cha shaba uani kina moto wa kweli: majivu hudondoka, na vijiti vya anayepita nyuma yako viko usawa wa mtandio wako. Kaa upande upepo unakotoka.

Wale wanaotikisa mkebe wa vijiti wanafanya nini?

Wanapiga ramli, na ni kitu cha kutazama kwa utulivu ukibahatika kukiona. Mtu hupiga magoti, hutaja jina lake na jambo lake kimoyomoyo, kisha hutikisa mkebe wenye vijiti vya mianzi, kwa kawaida mia moja, kila kimoja na nambari yake. Hautikiswi kwa nguvu. Mkebe umeinamishwa mbele, vijiti vinagongana kwa mdundo mmoja, na taratibu kimoja kinaanza kupanda kuliko wenzake, kinapanda, hadi kinaanguka sakafuni.

Lakini hajamaliza. Huokota vipande viwili vya mbao vyenye umbo la mwezi mchanga, upande mmoja bapa na mwingine mviringo, akavirusha chini kuuliza kama kijiti kile ndicho chake kweli. Kimoja kikilala bapa juu na kingine mviringo juu, jibu ni ndiyo. Vyote vikiwa na ubapa juu, mungu anacheka: swali halijakaa sawa, uliza tena. Vyote vikiwa na mviringo juu, hapana, rudisha kijiti uanze upya. Akikubaliwa, ndipo anapokwenda kuchukua karatasi ya nambari hiyo yenye beti za ushairi wa zamani, na mara nyingi huhitaji mtu wa kumfasiria.

Usimpige picha mtu aliye katika shughuli hiyo.

Na picha kwa ujumla?

Uani na paani piga upendavyo. Mbele ya madhabahu tafuta tangazo kwanza, na usitumie mwanga wa kamera.

Mbona paa la Yueh Hai Ching lina vitu vingi hivyo?

Hili ndilo hekalu ninalolipenda kuliko yote njiani, na nakiri siligusii kwa kifupi. Lilianza 1826, na jengo la sasa ni la katikati ya miaka ya 1850. Leo limezungukwa na maghorofa ya benki pande zote, ua wake ukiwa wazi katikati kama tundu mjini, na juu ya ua unaning'inia udi uliozungushwa duara juu ya duara, ukiungua polepole.

Inua macho. Juu ya paa kuna mji mzima: majoka, maua, nyumba ndogo, na wahusika wa michezo ya kuigiza ya Kichina wakiwa wamesimama kwa mikao ya jukwaani, wengine wana mikuki. Mafundi walivunja bakuli na sahani za rangi, wakakata vipande kwa koleo hadi vikapata umbo la petali au gamba, wakavipachika kimoja kimoja kwenye chokaa mbichi. Gamba moja la joka ni kipande kimoja cha bakuli. Rangi hiyo haichujuki kwa jua, kwa sababu ilichomwa tanuruni.

Aliyekwenda Kunduchi au Mambrui anakumbuka nguzo za makaburi zilizopachikwa bakuli za Kichina. Wazee wetu walizipachika nzima na hawa wakazivunja, lakini vyombo vyenyewe vilipita bahari ileile.

Ukarabati wa hekalu hili ulikamilika 2014, na mwaka huohuo UNESCO ikautunuku. Usitoke bila kuona kumbi zote mbili: moja ni ya Mazu, ya pili ni ya Xuan Tian Shang Di, ambaye wafanyabiashara wa Kiteochew walimheshimu sana.

Ni kweli Thian Hock Keng halina hata msumari mmoja?

Ndivyo linavyosifiwa, na ukitazama boriti utaona namna: mbao zimechongwa ulimi na tundu zikaingizwa ndani ya nyingine, na uzito wa paa ndio unaozikaza. Nguzo za mawe zimechongwa majoka. Lakini geti la chuma la mbele lilitoka Glasgow, Uskoti, mwaka 1906. Mahujaji wengi wa kamera hulipita hilo geti bila kulitazama, nami naona ndilo linaloeleza vizuri Singapore ya wakati ule: mawe ya China, chuma cha Uskoti, pesa za mtu wa Malaka.

Nyuma ya hekalu, ukuta wa mtaa wa Amoy umechorwa picha ndefu ya mita 44, kazi ya Yip Yew Chong ya mwaka 2017, inayosimulia safari ya Wahokkien. Soma kutoka kulia kwenda kushoto.

Na Hekalu la Jino la Buddha? Je, ni jino kweli?

Hekalu ni jipya, lilikamilika 2007, limejengwa kwa mtindo wa enzi ya Tang. Ghorofa ya nne kuna kuba la kuhifadhia jino, lenye uzito wa kilo 3,500, na hekalu linasema kilo 320 kati ya hizo ni dhahabu, nyingi ikiwa imetolewa na waumini: bangili, pete, vidani. Mwaka huo wa ufunguzi magazeti ya huko yalihoji kama jino lenyewe ni la binadamu. Hekalu lilisema ni suala la imani, na waumini hawakupungua.

Ni zuri, ni safi, lina lifti na vyoo, na kiyoyozi kinapendwa baada ya saa mbili za jua. Bustani ya juu ya paa ni tulivu sana. Ila nasema wazi, kama muda wako ni saa moja tu, liache hili ukae Telok Ayer.

Ni lazima niwe na mwongozaji?

Si lazima. Njia haipotezi mtu na milango iko wazi. Unachokosa peke yako ni mpangilio: utaona sanamu nyingi na moshi, utapiga picha, na ukirudi hotelini hutakumbuka ipi ilikuwa wapi. Mwongozaji anafaa zaidi kwa wakati wa kukunyamazisha, anapokusimamisha uani ukatazama watu wanavyoingia.

Ukimtafuta wa kwako, fahamu kuwa Singapore kuongoza watalii kwa malipo kunahitaji leseni ya serikali, na mwenye nayo ana kitambulisho anachovaa. Omba kukiona. Kuwa na leseni hakumfanyi mtu kuwa msimulizi, lakini ni pa kuanzia.

Inagharimu kiasi gani?

Mahekalu hayana kiingilio. Malipo ni ya mwongozaji tu. Uliza mapema kama ni kwa kichwa au kwa kundi zima, maana familia ya watu sita tofauti yake ni kubwa. Bahashishi si desturi ya Singapore. Ukipenda kuchangia ukarabati, kila hekalu lina sanduku.

Msimu gani ni mzuri?

Joto ni lilelile mwaka mzima, mji uko zaidi kidogo ya digrii moja kaskazini mwa ikweta. Mtu wa Dar mwezi wa Machi yuko nyumbani. Mvua ikija huja mchana kwa kishindo, na hiyo ni sababu nyingine ya kuanza asubuhi. Vibaraza vyenye paa mbele ya maduka ya zamani vitakuokoa. Beba maji na mwavuli.

Kwa shughuli, tazama kalenda ya mwezi. Tarehe mosi na kumi na tano za mwezi wa Kichina mahekalu hujaa. Siku ya kuzaliwa Mazu ni tarehe 23 ya mwezi wa tatu, ambayo kwetu huangukia Aprili au Mei. Mkesha wa mwaka mpya wa Kichina, Januari au Februari, ni msongamano usioruhusu maelezo yoyote. Njoo kutazama, usije kujifunza.

Nimeona watu wanachoma noti za karatasi barabarani. Ni nini?

Umefika mwezi wa saba wa Kichina, karibu na Agosti, ambapo inaaminika marehemu huachiwa kuja kutembea duniani. Noti ni za kuchezea, zinachomwa ili ziwafikie huko waliko, pamoja na nguo za karatasi, na siku hizi hata simu za karatasi. Usiruke juu ya vyakula na udi uliowekwa ukingoni mwa njia; zunguka. Usiku kuna majukwaa ya muziki mitaani, na safu ya viti vya mbele huachwa tupu. Usikae hapo hata kama umechoka. Ni viti vya wafu.

Naweza kuja na mama yangu mzee, au watoto?

Mama mzee, ndiyo, akivumilia kusimama. Tunapunguza kilima cha Ann Siang na kupita barabara ya chini. Kwa kiti cha magurudumu vizingiti vya mahekalu ya zamani ni kikwazo cha kweli, tuambie mapema tupange pa kuingilia. Watoto hufurahia majitu ya Mazu na simba wa mawe mlangoni. Wape kazi: kati ya simba wawili, dume amekanyaga mpira na jike ana mtoto chini ya mguu. Waulize yupi ni yupi kila tunapofika.

Tutakula wapi? Nahitaji halali.

Tunamalizia Maxwell, banda kubwa la vyakula mkabala na Hekalu la Jino. Si kila kibanda ni halali. Tafuta cheti cha MUIS, baraza la Kiislamu la Singapore, kilichobandikwa kibandani, na usitosheke na neno la muuzaji. Asiyekula nyama atapata mkahawa chini ya hekalu lenyewe. Ukila kwa vijiti, usivichomeke vimesimama kwenye wali: hivyo ndivyo udi unavyosimamishwa kwa ajili ya marehemu, na mezani inaudhi.

Sahani na trei unarudisha mwenyewe. Usiporudisha, unaweza kutozwa faini.

Nimebaki na mchana mzima. Niende wapi tena?

Panda treni ya mstari wa Downtown kutoka kituo cha Chinatown hadi Bugis, bila kubadilisha, utembee hadi mtaa wa Waterloo. Pale lipo Kwan Im Thong Hood Cho, hekalu la Guanyin la tangu 1884, ambalo kwa ramli ndilo linalotafutwa kuliko yote mjini. Mikebe inalia ukiwa bado nje. Ndani hakuna kupiga picha. Hatua chache tu pembeni ni hekalu la Kihindu la Sri Krishnan, la 1870, na Wachina wakitoka kwa Guanyin huenda kufukiza udi kwa Krishna pia. Simama kati ya milango miwili hiyo robo saa. Hekalu la Guanyin hufungwa kabla ya magharibi, kwa hiyo fika kabla ya saa kumi na moja jioni, na nunua maua ya yungiyungi nje tu kama unakusudia kuyatoa.